Mtangazaji wa Besiboli wa Bertrams

Mara ya kwanza Saida Mwinjaka alipomwona Burhani akirusha mpira, alidhani anaona ugomvi. Alikuwa na miezi mitatu tu tangu atoke Tanga, anakaa kwa dada yake Nasra katika mtaa wa Bertrams, na Jumapili ile Nasra alikuwa amemburuta hadi uwanja mmoja wa mashariki mwa Johannesburg kuangalia mchezo ambao hakuwahi hata kuusikia. Akaona mwanamume mrefu amesimama peke yake juu ya kichuguu katikati ya uwanja. Mbele yake, hatua ishirini hivi, alisimama mwingine na rungu, na nyuma ya yule wa rungu alichuchumaa wa tatu, kavaa kinga ya chuma usoni na glavu nene kama mto wa kulalia. Yule mrefu akainua mguu mmoja, akajikunja, kisha akajifyatua mwili mzima. Mpira ukalia ndani ya glavu kabla mwenye rungu hajatikisika. Saida akamuuliza dada yake hawa wamekosana nini. Nasra alicheka mpaka akashika mbavu.

Mwaka uliofuata Saida aliolewa na yule mrefu.

Burhani alikuwa mtoto wa Temeke. Besiboli aliifunzwa shuleni na mwalimu wa kujitolea kutoka Japani, aliyekuja kufundisha hesabu akiwa na gunia la glavu kuukuu. Johannesburg alifuata kazi, akaipata kwenye duka la kutengeneza simu, ingawa ukimuuliza mwenyewe angekwambia alifuata uwanja. Klabu moja ya huko mashariki ilimchukua kwa majaribio ya wiki mbili, ikakaa naye misimu kumi na mmoja. Yeye ndiye alikuwa mrushaji, yule ambaye mchezo hauanzi mpaka atake. Saida, kwa kuwa hakuweza kukaa saa tatu mikono mitupu, alifundishwa na mzee mmoja wa klabu kuandika daftari la mchezo: kila mpira uliorushwa na alama yake, kila mpigaji na mstari wake. Miaka ikapita hivyo, akawa anaujua mkono wa mumewe kwa ncha ya kalamu.

Na mkono huo ndio uliomponza. Bega lilianza kumuuma msimu wa kumi, asimwambie mtu. Nyumbani kwao, mtaa wa Troyeville, Saida alikuwa akimkanda kwa mafuta ya karafuu yaliyopashwa moto, na akimuuliza, anajibiwa kuwa ni uchovu tu. Siku ya fainali ya ligi, zamu ya nane kati ya tisa za mchezo, timu yake ikiongoza na watu wakiliimba jina lake, Burhani alirusha mpira mmoja na Saida akasikia sauti iliyomtoka, fupi, kama ya mtu aliyekanyaga msumari. Walishinda. Burhani alilibeba kombe kwa mkono wa kushoto. Daktari aliyempasua alimwambia atabeba mtoto, atabeba na mfuko wa unga, lakini kurusha ndiyo basi tena. Alikuwa na miaka thelathini na minne.

Miaka miwili hakukanyaga uwanjani. Hakulia wala hakulalamika, alitengeneza simu. Jumapili, saa ambazo zamani angekuwa kichuguuni, alikaa sebuleni akifungua na kufunga redio mbovu ambayo haikuwa ya mteja yeyote. Saida aliyaona yote hayo akanyamaza, maana kuna kidonda ambacho hata huruma hukitonesha.

Aliyemtoa huko ni Pitchou, Mkongo wa Lubumbashi mwenye redio ya mtandaoni pale Bertrams, chumba kimoja juu ya kinyozi, karibu na uwanja wa Ellis Park. Redio hiyo ilitangaza kwa Kiswahili kwa Wakongo, Watanzania, Wakenya na Warundi wa mji ule, na kila mmoja wao aliamini kuwa wengine ndio wanaokiharibu. Pitchou alipeleka simu yake kutengenezwa, akamkuta Burhani akimweleza mteja kwa nini kipa fulani alifungwa juzi: hakuwa amezubaa, ila mguu wake wa kushoto ulishakubali kwenda upande mwingine kabla mpira haujapigwa. Pitchou akasahau habari ya simu. Akamwita Burhani “grand”, kama Wakongo wanavyomwita kaka wanayemheshimu, akamwomba aje Jumamosi ajaribu kutangaza.

Ukweli usemwe: alianza vibaya. Alitangaza mpira wa miguu kama anayesoma tangazo la msiba. Bao likifungwa alisema, “Naam, limeingia,” akaendelea. Wasikilizaji walituma ujumbe wa kumcheka, na Saida aliusoma wote peke yake. Lakini Burhani alikuwa mtu aliyezoea kurusha mpira uleule ukutani mara mia mbili mpaka upite anapotaka, na sauti yake aliishughulikia vivyo hivyo. Alitangaza akioga. Alitangaza magari akiwa kwenye robot, akingoja taa igeuke kijani. Baada ya mwaka watu wakaacha kumcheka. Baada ya miwili, wafanyabiashara wa Newtown, ambako Saida alikuwa na kibanda cha kanga na vitenge, wakawa wanaifungua redio ile bila kuambiwa.

Ndipo ikaja habari ya timu ya Dar. Klabu za Johannesburg na Pretoria ziliandaa mashindano ya wiki moja ya besiboli, zikaalika timu kutoka nchi jirani, na mojawapo ilikuwa Ilala Nyota, vijana wa Dar es Salaam. Burhani alikwenda kwa Pitchou siku ileile akamwomba atangaze michezo yao yote.

“Grand, football iko na watu,” Pitchou akasema. “Ile mchezo yako, nani anaijua?”

“Wanakuja vijana kumi na wanane,” Burhani akamjibu. “Wote wana mama zao. Na hao mama hawajawahi kuelewa watoto wao wanafanya nini uwanjani. Mimi nitawaeleza.”

“Bon. Lakini utawaeleza na luga gani? Maneno haiko.”

“Tutayatafuta.”

Waliyatafuta mezani, Troyeville, wiki mbili nzima, Burhani, Saida na daftari. Mrushaji, mdakaji na mpigaji walipatikana bila tabu. Vile vituo vinne ambavyo mchezaji huvizunguka, vitatu viliitwa vituo, na cha nne, anachokirudia ndipo apate alama, kikaitwa nyumbani. Mpira uliopita mahali pake Saida alisema uitwe “halali”. Burhani akasema basi usiopita uitwe “haramu”, wakacheka, kisha wakaona wasije wakagombana na mashehe, wakauita “mpotevu”. Mchezaji anayekimbilia kituo wakati mrushaji hamwangalii, Saida alimwita mnyemelezi. Binti yao Bushra, mwenye miaka kumi na miwili, ambaye huelewa kila neno la Kiswahili na kuyajibu yote kwa Kiingereza, aliinua kichwa kwenye kazi zake za shule akasema leo ndiyo kwanza ameujua mchezo wa baba yake. Saida alimwona Burhani akigeukia dirishani kidogo kabla ya kuendelea.

Mashindano yakaanza. Kibanda cha watangazaji kilikuwa cha mbao, nyuma kabisa ya mdakaji, uso kwa uso na kichuguu. Burhani alikaa katikati, Pitchou na mitambo kulia kwake, Saida na daftari kushoto, akimsogezea hesabu kwa ncha ya kidole. Siku ya kwanza wasikilizaji walikuwa wachache hata Pitchou hakutaka kutaja idadi. Lakini Nyota walishinda, na kesho yake habari zilikuwa zimefika Ilala. Siku ya tatu ujumbe ulimiminika. Mama wa mdakaji aliandika kwamba miaka yote alidhani mwanawe anachuchumaa kwa kuwa hajui kucheza. Leo amemwona kwa masikio. Burhani aliusoma ujumbe huo hewani. Sauti yake ilikuwa na kitu ambacho Saida hakukisikia tangu enzi za kichuguuni, ile raha ya mtu anayefanya kazi anayoiweza. Saida alikaa wima kitini kama vile sauti ile inatoka kwake.

Nyota ya Nyota wenyewe ilikuwa mrushaji wao, Yasini, kijana wa miaka ishirini na mmoja kutoka Buguruni, mwembamba, asiyesema sana. Alikuwa ameshinda mchezo wa kwanza na wa tatu. Kwa kuwa timu haikuwa na mrushaji mwingine wa kuaminika, kocha wao, Mwalimu Karimu, alimpanga tena kwenye nusu fainali dhidi ya timu ya Pretoria.

Zamu sita zilikwenda kama harusi. Dar walikuwa na alama tatu, Pretoria mbili. Jukwaani Watanzania walisimama, wengi na simu masikioni, wanatazama kwa macho na kumsikiliza Burhani kwa wakati mmoja. Zamu ya saba ilipoanza, Saida aliandika mpotevu. Akaandika mwingine. Alipoandika wa nne, ambao humpa mpigaji kituo cha kwanza bure, akaona jambo: yote minne ilikuwa imepita juu, na upande uleule. Katika zamu sita Yasini hakuwa amerusha hata miwili ya namna hiyo. Akainua macho kumwonyesha mumewe, akakuta Burhani amenyamaza. Sekunde tatu, nne, tano. Redioni hizo ni nyingi.

Burhani alifunika kipaza sauti kwa kiganja. “Kiwiko kimeshuka,” akasema.

Saida hakuuliza cha nani. Pale kichuguuni Yasini alikuwa akiufuta mkono kwenye paja, mara ya pili, mara ya tatu, akichelewesha. Kutoka benchi lao, lililokuwa ubavuni, Mwalimu Karimu asingeweza kuiona tofauti ile ya inchi tatu nne. Kutoka kibandani ilionekana wazi, kwa anayejua pa kutazama.

Pitchou alikuwa ameelewa. “Grand, weye ni mtangazaji,” alinong'ona. “Kocha iko pale. Ukisema, na wakipoteza, watasema ni weye.”

Burhani akamtazama mkewe. Saida alikuwa na neno ambalo alilitunza miaka mitano, na hakujua kama lingetoka vizuri.

“Bega lako nililikanda mwaka mzima,” akamwambia. “Nilijua si uchovu. Nikanyamaza kwa kuwa ulikuwa unashinda. Sema, Baba Bushra.”

Burhani akaondoa kiganja.

“Wasikilizaji,” alisema, na sauti haikupanda wala kushuka, “niwaambie ninachokiona, maana ndiyo kazi mliyonipa. Kiwiko cha Yasini kimeshuka chini ya bega. Zamu zilizopita kilikuwa juu. Huyu kijana anaumia na anaficha. Mimi nimewahi kusimama pale aliposimama, nikaficha hivyohivyo, na nikapigiwa makofi. Sijarusha tena tangu siku hiyo. Aliye karibu na Mwalimu Karimu amwambie amtake Yasini ainue mkono juu ya kichwa. Akiweza, nitamwomba radhi hapahapa nanyi mkinisikia.”

Jukwaani chini yao vichwa viligeuka kuelekea kibandani. Kisha mtu mmoja mwenye fulana ya njano aliteremka ngazi mbiombio hadi kwenye uzio wa benchi, akamwonyesha kocha simu yake. Mwalimu Karimu alisikiliza, akatazama kibandani, akaomba mchezo usimame. Alitembea hadi kichuguuni polepole. Yasini alitikisa kichwa kukataa. Kocha akasema neno. Yasini akaanza kuinua mkono. Ulifika usawa wa bega, ukasimama, na uso wake ukajikunja hata kutoka kibandani ulionekana. Mwalimu Karimu alimshika shingo kama mtu anavyomshika mwanawe, akaupokea mpira.

Mrushaji wa akiba alikuwa amezoea kukaa. Mpigaji wa pili wa Pretoria aliupeleka mpira wake nje ya uwanja, yeye na yule aliyekuwa kituoni wakarudi nyumbani, matokeo yakawa nne kwa tatu. Hayakubadilika tena. Burhani aliutangaza mchezo hadi mpira wa mwisho, hakutia chumvi wala hakupunguza hata jina la mtu mmoja. Saida aliandika hadi mstari wa mwisho.

Nje walimngoja. Mfanyabiashara mmoja wa Dar waliyemfahamu kwa miaka mingi alimwambia Burhani usoni kwamba amewauza vijana wa nyumbani. Kwenye ukurasa wa redio waliandika msaliti, waliandika kwamba ana wivu, kwamba mrushaji aliyeshindwa hapendi kuona mwingine akifaulu. Hilo la mwisho Saida aliliogopa zaidi. Alijua nyumba inavyokuwa mtu huyu anaponyamaza, akajiandaa kwa miaka mingine miwili ya redio mbovu. Lakini jioni ile Burhani alikula wali sahani mbili, akamsaidia Bushra hesabu zake, akamwomba Saida amsomee daftari lote tangu zamu ya kwanza. Kufikia zamu ya tano alikuwa amesinzia kwenye kochi.

Asubuhi alirudi hewani. Pitchou alimshauri aanze kwa kuomba radhi kidogo, watu watulie. Burhani hakuomba. Alieleza tena alichokiona, mpira kwa mpira, kisha akafungua laini za simu kwa wasikilizaji. Watatu wa kwanza walimtukana kila mmoja kwa lafudhi ya kwao. Wa nne alikuwa mwanamke, simu yake inakatakata, anapiga kutoka Dar.

“Mimi ni mama yake Yasini,” alisema. “Watu wananiambia mtangazaji kamwaibisha mwanao. Mimi nilikuwa nasikiliza. Uwanja mzima ulikuwa unaangalia mpira. Aliyekuwa anamwangalia mwanangu ni mmoja tu.”

Burhani akamshukuru, akamwita Mama Yasini. Saida alikuwa amesimama mlangoni na chupa ya chai, na alijua kwamba hata kama redio ile ingefungwa siku hiyo, alishaona alichokuwa anakisubiri: mume wake amekuwa mkubwa kuliko alivyokuwa juu ya kichuguu.

Siku mbili baadaye daktari alilipima bega la Yasini. Mshipa ulikuwa umeanza kuchakaa ukingoni, haujakatika. Mipira kumi zaidi, alisema, labda ishirini, na ungekwenda. Miezi ya mapumziko na mazoezi mepesi ingetosha. Kabla ya safari ya kurudi, Mwalimu Karimu alimleta kijana Troyeville. Yasini alitoa shikamoo mlangoni, akakaa ukingoni mwa kiti, akakiri kwamba siku ile alimchukia Burhani kwa moyo wake wote. Alikuwa ameapa kwamba hata mkono ukidondoka ataokota mpira kwa mwingine. Mwalimu Karimu naye alisema yeye aliona miguu tu, na miguu ilikuwa mizuri. Burhani hakuwahubiria. Alisogeza meza, akamwonyesha Yasini mazoezi ya ukutani ambayo yeye alifundishwa baada ya kuchelewa. Saida alileta mihogo ya nazi na daftari. Yasini aliitazama ile mipotevu minne kwa muda, kidole juu ya wino, kisha akamuuliza, “Shemeji, hivi hata wewe uliniona?”

“Nilikuona,” Saida akamjibu.

Yaliyofuata hayakuja kwa kishindo. Yule mfanyabiashara alipita kibandani Newtown akanunua kitenge asichokihitaji, na hiyo ndiyo ilikuwa radhi yake. Klabu za mashariki zikaanza kumwalika Burhani kila Jumapili. Miezi minane baada ya siku ile Mwalimu Karimu alituma video ya Yasini akirusha, kiwiko juu, mdakaji akitikisa mkono kwa maumivu. Muda si mrefu, kituo kikubwa cha televisheni cha mjini, kilichokuwa kinaanzisha matangazo ya michezo kwa Kiswahili, kikampigia Burhani simu. Walimtaka awe mchambuzi. Pitchou alilia kidogo, kwa namna yake, kwa kulalamikia umeme, kisha akamwachia kwa sharti la kurudi redioni kila Jumatano.

Siku ya kwanza ya Burhani kwenye televisheni, Saida hakwenda studio. Kibanda chake cha Newtown hakina mtu mwingine, na alitaka amwone kama watu wengine wanavyomwona. Mafundi cherehani na wauza viatu walijazana kwenye meza yake, simu imeegemezwa kwenye rundo la kanga. Burhani alitokea amevaa koti la kijivu alilolikataa mara tatu dukani. Aliulizwa swali kuhusu mrushaji mmoja kijana, naye badala ya kujibu moja kwa moja akaomba picha irudishwe nyuma, polepole, akaonyesha mguu, kisha nyonga, kisha bega, na kwa maneno yaleyale ya mezani kwao akaeleza kwa nini mpira ule usingeweza kuwa halali hata kabla haujatoka mkononi. Mtangazaji mwenzake alisahau kuuliza swali la pili.

Mteja mmoja, Mkenya aitwaye Keziah anayefanya kazi benki, alikuwa amesimama na kanga mkononi akingoja kuhudumiwa. Alisema mchezo huu hajawahi kuuelewa hata siku moja, na sasa ameuelewa. Akauliza huyu bwana ni nani, na amesomea wapi.

Saida alichukua ile kanga, akaikunja vizuri, pembe kwa pembe, bila haraka.

“Ni Burhani, mume wangu,” akasema. “Alikuwa mrushaji.”